Kwa Nini Mikunga Hutoka Mtoni Mvua ya Kwanza

Mto huu mnaouona, mto Kanyele, haukuwa hivi. Ninyi mlioolewa hapa mwaka huu mmeukuta mchanga mtupu, mkadhani ndivyo ulivyoumbwa, na mnashangaa kuona wanawake wazima wakishuka na majembe kutafuta maji kama watu wanaochimba viazi. Wekeni ndoo zenu chini, mkae. Mama mkwe wangu alinikalisha hapa hapa nilipokuja bibi harusi, akanieleza habari hii kabla hajaniruhusu kuteka, nami nawaeleza kama nilivyoipokea.

Hapo kale Kanyele ulitiririka mwaka mzima. Kiangazi kiliupunguza tu, hakikuukausha. Ulikuwa na perege na ningu, na kila samaki aliyeishi humo alikuwa na magamba yake na macho makubwa ya kutazamia, akaogelea katika maji meupe juu ya mchanga. Samaki wa kukaa ndani ya tope hakuwapo. Mkunga, yule samaki mrefu kama nyoka, hakujulikana. Hata jina lake halikuwa limetamkwa katika bonde hili.

Katika siku hizo alifika hapa Ntumbi mtu mmoja aitwaye Lyambo, pamoja na mkewe Wande. Walitoka ng'ambo ya milima, ambako vita vilikuwa vimechoma maghala yao, wakafika na watoto wawili, binti aliyeitwa Sengelo na mvulana aliyeitwa Mfundo, na wa tatu akiwa bado tumboni. Mkuu wa Ntumbi alikuwa Mwene Lusambo. Mwene aliwapokea jinsi wageni walivyopokewa wakati huo: alichota udongo kizingitini kwake, akauchanganya na maji ya Kanyele katika kibuyu, akawanywesha mume na mke mbele ya watu. Aliyekunywa udongo wa Ntumbi alikuwa mtu wa Ntumbi. Walipewa kiwanja pale juu kilimani, wakajenga, na haikupita muda Wande akajifungua mtoto wa kiume. Walimwita Nzala, maana yake njaa, kwa kuwa njaa ndiyo iliyowaleta.

Mwezi huo huo Nasilwa, mke wa Mwene, naye alijifungua mvulana, wakamwita Chole. Lakini Nasilwa alishikwa na jipu la titi, akawa hoi kwa homa, na mtoto akalia mpaka sauti ikamkauka. Wanawake wengine waliokuwa wakinyonyesha walisita. Kumnyonyesha mtoto wa mkubwa ni mzigo. Akifa, watu watasema ni maziwa yako. Wande hakusita. Aliingia nyumbani kwa Mwene na Nzala mgongoni, akaketi mkekani, akawanyonyesha wote wawili, huyu titi la kushoto na huyu la kulia, akaendelea hivyo mpaka Nasilwa akapona. Kuanzia hapo wanawake hao wakawa kama waliozaliwa tumbo moja. Walilima pamoja, walisukana nywele, na mmoja akipika kitu kizuri alimpelekea mwenzake kabla hakijapoa.

Kisha mvua zikakatika.

Mwaka wa kwanza watu walisema itanyesha. Mwaka uliofuata hawakusema neno, walitazama tu mawingu yakipita juu ya bonde kwenda kunyesha kwa watu wengine. Kanyele ukapungua hadi magotini, ukafika kwenye vifundo vya miguu, ukakatika vipande vipande. Samaki wakafa na kunuka. Mwisho wake likabaki bwawa moja tu, kule kwenye mwamba, na Mwene akaweka walinzi, kila nyumba ikateka kwa zamu, mtungi mmoja.

Palikuwa na mtu aitwaye Kisunga. Msimdhanie kuwa alikuwa mtu mbaya. Alikuwa na mama mzee asiyeweza kutembea, aliyemlea peke yake, na kila asubuhi alimlowanisha midomo kwa kitambaa kabla yeye mwenyewe hajanywa. Ng'ombe wake walikuwa wamekufa, mmoja baada ya mwingine, akiwatazama. Mtu aliyefikwa na mambo kama hayo hutafuta pa kuweka uchungu wake, na Kisunga aliuweka kwa Lyambo. Alianza kusema chinichini, kisha akasema waziwazi, kwamba ukame haukuwapo kabla ya wale watu kuja. Kwamba njaa waliileta wenyewe na kuipa jina na kuinyonyesha, na sasa imekua.

Neno hilo liliwaingia watu. Mwene akaita baraza.

Walikusanyika uwanjani, wanaume upande huu na wanawake upande ule. Kisunga alisimama akasema yake, na wengine wakaitikia. Lyambo aliposimama, alikuwa amekonda kama wote.

"Mwene," alisema, "tulipokuja mlitunywesha udongo wa hapa. Udongo huo umo tumboni mwangu mpaka leo. Mkitaka niwe mgeni tena, nionyesheni nitautoa vipi."

"Kama udongo ndio wako, kanywe udongo!" alijibu Kisunga. "Maji ya bwawa ni ya waliozaliwa hapa."

Watu wakapiga kelele. Mwene Lusambo aliinamisha kichwa. Alikuwa mtu mpole, na upole wake siku hiyo haukumfaa mtu yeyote, kwa sababu alisubiri kusikia upande upi una sauti kubwa ili auite uamuzi wake. Wande hakuwatazama wanaume. Alimtazama Nasilwa. Nasilwa alikuwa ameketi mbele, Chole mapajani mwake, na neno moja kutoka kwake lingetosha, maana hapakuwa na mtu Ntumbi asiyejua ni maziwa ya nani yaliyomwokoa mtoto yule. Wande akamtazama, akangoja. Nasilwa alishika ukingo wa mkeka wake, akaanza kuchomoa ukindu, uzi mmoja mmoja. Hakuinua macho.

"Nimesikia," alisema Mwene. "Bwawa ni la wazaliwa." Baraza likavunjika.

Lyambo na Wande hawakuwa na pa kurudi. Ng'ambo ya milima kulikuwa majivu, na safari yenyewe ingewaua watoto njiani. Wakachukua jembe lao, na kibuyu, na vigae vya mtungi uliovunjika, wakashuka mtoni, mahali hapa ambapo mto unapinda. Matete ya hapa yalikuwa yamekufa kama mengine, lakini mizizi yake Lyambo alipoing'oa aliona haikatiki kama kijiti kikavu, ilijikunja. Akasema, "Tuchimbe."

Wakachimba. Mchanga wa mto mnaujua, ukitoa kibuyu kimoja vinaingia viwili. Sengelo na Mfundo walikata matete wakasuka kuta, na baba yao akazishindilia ili mchanga usiwaangukie. Walipofika kwenye tope walishukuru kana kwamba wamefika kwenye maji. Walijipaka tope mwili mzima kwa ajili ya jua, na Nzala walimlaza chini shimoni penye ubaridi, akalilamba tope akalala. Unyevu haukuwa chini tu, ulikuwa ukienda pembeni, nao wakaufuata, wakachimba kama fuko, mpaka shimo likawa na tumbo chini ya ukingo wa mto. Kupita humo iliwapasa kutambaa kwa matumbo, mikono imebanwa mbavuni. Mchanga uliwachubua. Macho waliyafumba wasiingiwe, wakajifunza kujuana kwa kugusana. Watu waliopita ukingoni waliwachungulia, wengine wakacheka, wengine wakaharakisha.

Siku moja Mfundo alikuwa juu akimwaga mchanga, akamwona Nasilwa kwenye mteremko ule, kitu amekifunika chini ya kaniki yake. Alisimama pale. Aliangalia nyuma, aliangalia mbele, kisha akageuka akapanda kurudi nyumbani. Mfundo akashuka kumweleza mama yake.

"Alikuwa na kibuyu, mama. Nimekiona."

Wande aliendelea kuchota tope. "Alitaka kuja," alisema baadaye. "Yule Nasilwa ninayemjua bado yumo ndani yake."

Hatimaye maji yakatoka. Hayakububujika. Yalikusanyika kidogo kidogo katika shimo la kiganja, mekundu, mazito, na ilibidi kuyangoja. Sengelo aliyachuja kwa kitambaa, Nzala akanywa wa kwanza, na wazazi wake wakabaki wakimtazama koo likipanda na kushuka. Hawakumwambia mtu.

Juu kule bwawa la mwambani lilikuwa likifa. Ng'ombe walivunja uzio usiku wakaingia, wengine wakafia mle mle, na maji yakageuka kijani yakanuka. Walioyanywa walihara. Mama yake Kisunga hakuweza tena kufumbua macho. Na Chole, mtoto wa Mwene, akaacha kulia, jambo ambalo kila mama anajua maana yake.

Ndipo Nasilwa akambeba mgongoni akashuka mtoni mchana kweupe, bila kujifunika. Hakujua kama kuna maji. Alijua tu kwamba wale watu walikuwa bado hai. Alipiga magoti ukingoni mwa shimo.

"Wande."

Akainamia shimo zaidi.

"Wande, ndugu yangu. Sikuja kwa ajili yangu."

Lyambo ndiye aliyetokeza kwanza, mwili wote tope, macho yamevimba. "Uliketi pale," alisema. "Tulikuona. Ulikuwa ukifumua mkeka."

"Niliketi," alisema Nasilwa.

Wande akatambaa akatoka nyuma ya mumewe. Alimtazama mtoto, midomo iliyopasuka, shingo isiyosimama. "Mshushe," alisema.

"Mke wangu, haya maji ni ya Nzala."

"Mtoto hakuwamo kwenye maneno yao, baba Sengelo. Mshushe, Nasilwa."

Alimpokea Chole, akamlaza mkononi kama alivyokuwa akimlaza zamani, akamtia maji mdomoni kwa kidole, tone baada ya tone, akingoja ameze. Ilichukua muda mrefu. Nzala alisogea akamshika mwenzake mguu. Chole alipofumbua macho, Nasilwa alianguka kifudifudi mchangani, akaanza kuomba msamaha, maneno yakatoka bila mpangilio.

Wande alimkatisha. Hakumkatisha kwa ukali.

"Uniambie mimi ya nini? Neno ulilodaiwa si langu peke yangu. Maneno ya barazani kayaseme barazani."

Nasilwa alirudi kijijini na mtoto wake akiwa hai. Hakuingia nyumbani. Alikwenda moja kwa moja uwanjani, akaigonga ngoma ya Mwene, kitu ambacho mwanamke hakuruhusiwa, na watu wakatoka mmoja mmoja, wakijikokota. Mumewe alitoka akashangaa. Nasilwa akasema alichopaswa kusema siku ile ya kwanza. Alisema nani alimnyonyesha Chole. Alisema kwamba yeye mwenyewe alinyamaza kwa kuogopa kuonekana anawapendelea wageni, na Mwene alinyamaza kwa kuogopa watu, na watu walimsikiliza Kisunga kwa kuogopa kufa, na kwamba kati ya hofu hizo zote familia moja ilitupwa. Alisema twendeni, Mwene atangulie, tukapige magoti, tuwaombe warudi nyumbani kwao. Alisema mengi mazuri.

Lakini katikati ya hayo alikuwa amesema kwamba kuna maji.

Hawakusikia jingine. Mtu mmoja alinyanyua mtungi, wa pili akanyanyua, kisha uwanja mzima ukaondoka. Waliokuwa hawawezi kusimama walikimbia. Kisunga alimbeba mama yake mgongoni akakimbia. Wachungaji waliwafungulia ng'ombe waliosalia, nao wakateremka pamoja na watu, wakiwa wameshanusa. Nasilwa alikimbia mbele yao amenyoosha mikono, akipiga kelele, "Taratibu! Taratibu jamani, wako chini!" Wakampita pande zote mbili kama maji yanavyopita jiwe.

Lyambo alisikia ardhi ikitikisika. Mkewe na watoto walikuwa mle ndani, chini ya ukingo. Alisimama mdomoni mwa shimo, mgongo wake umeegemea ukuta wa matete, mikono juu.

"Simameni!" aliita. "Yatatosha! Simameni, yatatosha!"

Waliokuwa mbele wangesimama, lakini waliokuwa nyuma hawakuona kitu. Walifika ukingoni wote kwa pamoja, watu na ng'ombe, na ukingo ukavunjika. Haukutoa kishindo kikubwa. Ulikaa chini tu, kama mtu aliyechoka anavyokaa. Ulipotulia, hapakuwa na Lyambo, hapakuwa na shimo, palikuwa na bonde la mchanga uliolowa, na katikati yake maji yakaanza kupanda, mengi kuliko yaliyowahi kuonekana kwa miaka hiyo miwili, yakijaza nyayo, yakijaza mashimo ya kwato.

Walikunywa kwanza. Jambo hilo halifichwi, na mama mkwe wangu alinikataza kulificha. Walilala kifudifudi wakanywa, juu ya watu wale.

Kisha mtu mmoja akainua uso akaona Nasilwa yuko peke yake pale palipokuwa na shimo, anachimba kwa mikono. Kisunga alimwacha mama yake kivulini akaenda akapiga magoti kando yake, akachimba. Mwene akaja. Wakaja wote. Walichimba mchana ule mpaka kucha zikatoka damu, wakaufikia mchanga mweusi, wakayafikia matete yaliyosukwa na Sengelo na Mfundo, yamevunjika. Chini ya matete palikuwa na tope. Nasilwa alizamisha mkono hadi begani, akahisi kitu kimemgusa, chembamba, kinachosogea. Akajua ni kidole cha Nzala. Akakishika, akavuta.

Hakikuwa kidole. Kilikuwa kiumbe kirefu kama unyasi mnene, rangi ya tope, pua imechongoka. Mwilini hakikuwa na gamba hata moja, kana kwamba mchanga umeyachubua yote, na mbavuni hakikuwa na kitu cha kushikia, kama mtu aliyebana mikono. Macho yake yalikuwa madogo, yamefunikwa na ngozi. Nasilwa alikikumbatia kifuani kwa mikono miwili, na kila alivyozidi kukaza ndivyo kilivyozidi kuteleza, mpaka kikatoka katikati ya vidole vyake kikaingia topeni. Wakatokea na wengine. Mkubwa alikuwa na urefu wa mkono wa mtu kutoka kiwiko, mwingine alimkaribia, wawili walikuwa wadogo kuliko hao. Walijipitisha mmoja juu ya mwingine kwa kugusana, kama watu wanaohesabiana gizani. Watu walinyoosha mikono kuwashika. Hakuna aliyefaulu.

"Warudisheni!" alilia Nasilwa. "Mwene, waambie warudi! Wande!"

Mama yake Kisunga, aliyekuwa amenyweshwa maji yale akafumbua macho, alisema kutoka pale kivulini, na sauti yake ilikuwa ndogo lakini kila mtu aliisikia:

"Waacheni. Hao wameshatuchoka."

Wakawaacha. Tope likajifunga, maji yakatanda juu yake. Miili haikuonekana, si siku hiyo wala baadaye.

Ntumbi iliishi kwa maji yale. Watu walirudi kuwa na nguvu, watoto wakaanza tena kucheza, na hiyo ndiyo ilikuwa adhabu yenyewe, maana kila aliyeinua kibuyu alijua anachokunywa. Mwene Lusambo alikaa ndani. Kisunga hakuzungumza na mtu. Alikuwa amekwisha kufunga mbuzi wake wachache kwenye kiwanja cha Lyambo kule kilimani, tangu siku walipofukuzwa, na sasa hakuwaondoa, wala hakuwatazama.

Mvua ilinyesha mwaka huo. Ilianza alfajiri, mvua ya kwanza, ile yenye harufu, na watu wakatoka nje kusimama ndani yake. Nasilwa ndiye aliyewaona. Kutoka mtoni hadi pale aliposimama nyasi zote zilikuwa zimelowa, na ndani ya nyasi kulikuwa na vitu vinavyopita, vikijikunja na kujikunjua, vikipanda kutoka kwenye maji. Mkubwa alitangulia. Walipita karibu na miguu yake, hawakusimama. Walipita mbele ya milango ya watu, milango yote, wakaelekea kilimani.

Kisunga alikuwa kule kiwanjani, kwenye uzio wa mbuzi wake, na jembe mkononi. Aliwaona wakiingia. Watu waliokuwa wakifuata kwa mbali walidhani atapiga. Aliweka jembe chini. Alikwenda akawafungua mbuzi, akawatoa nje, kisha akang'oa uzio mti baada ya mti mpaka kiwanja kikawa wazi. Mikunga walizunguka mahali paliposimama nyumba. Walipita juu ya mafiga, walipita pale ambapo mlango ulikuwa. Yule mdogo kuliko wote alikaa kwa muda kwenye jivu lililolowa, na wengine wakamngoja. Kisunga alisimama kwenye mvua.

"Ni penu," alisema.

Jua lilipoanza kutoka waliteremka walivyopanda, wakarudi majini. Mwaka uliofuata wakaja tena, na sasa walikuwa wengi, wameshazaana.

Na tangu siku hiyo mikunga wa Kanyele wako kama mtakavyowaona. Hawana magamba. Macho yao yamefunikwa. Mto ukikauka hawafi kama samaki wengine, huingia topeni wakangoja humo, hata kiangazi kiwe kirefu namna gani. Ukiwashika huteleza, kwa kuwa walipohitaji kushikwa hapakuwa na mkono. Na mvua ya kwanza ikinyesha, hutoka mtoni wakapita nyasini kwenda kilimani. Kiwanja kile hakijajengwa hadi leo, mmeshakiona, na sasa mnajua.

Mto nao haukurudi kuwa wa mwaka mzima. Kila kiangazi huzama chini ya mchanga, nasi hushuka na majembe kama mlivyotukuta. Ukichimba ukamkuta mkunga, maji yako karibu. Mnyanyue pamoja na tope lake, mweke kivulini, chota, kisha mrudishe mwenyewe kwa mkono wako. Hapa haliwi, wala hauzwi, hata na wavuvi wenye njaa. Na mtu akiingia Ntumbi, awe nani, anapewa maji kabla hajaulizwa jina.

Liko pia jambo jingine, nalo ni la Nasilwa. Baada ya hayo aliishi miaka mingi, akazeeka. Kila baraza lilipoitwa, alikwenda, na Mwene alipotaka kulifunga yeye alisimama, akapita kati ya watu, mwanamke na mwanamume, akimtafuta yule aliyekuwa hajasema. Akimpata, alisimama mbele yake asiondoke. Alipokufa wengine waliendelea. Ndiyo maana baraza la Ntumbi halifungwi hivi hivi. Jumamosi mtakwenda kwa mara ya kwanza, mtakaa nyuma na kanga zenu mpya, mtatazama chini kama mabibi harusi wanavyotazama. Mtaona mama mtu mzima anakuja mpaka mlipo, anasimama. Msiogope. Atawauliza neno moja tu, "Na wewe, unasemaje?", na hataondoka mpaka umjibu.